Deni Lisilo na Shahidi

Katika dhiki zote zinazomkabili mja wa mjini katika zama zetu hizi, za kodi ya chumba na karo ya watoto, za nauli na maji na umeme wa kununua kwa tokeni, hakuna iliyo kimya kuliko deni dogo. Dogo, nasema, kwa kipimo cha mabenki na hesabu za Serikali, kwani aghalabu halizidi laki mbili au tatu, bali kwa yule anayelibeba ni mzigo unaomwamsha kabla ya adhana ya alfajiri na kumfanya aogope kupokea simu ya nambari asiyoijua. Mgonjwa hujulikana kwa kukohoa, na mwenye njaa hukonda macho ya watu yakaona. Mdaiwa wa siku hizi huvaa vizuri, huamkiana na majirani, hutoa mchango wa harusi ili asionekane hana, na jioni huketi na jamaa zake akicheka pamoja nao, ilhali moyoni anahesabu saa zilizobaki hadi kesho saa nne, wakati wa marejesho.

Nilikaa na mama mmoja wa Mbagala, muuza vitumbua, mtu wa makamo, mwenye maneno machache na mikono mepesi, nikaiona siku yake tangu inapoanza. Mchele ameuroweka jana baada ya magharibi, umesagwa, umetiwa tui, hamira na iliki, ukaumuka usiku kucha chini ya sahani. Na kabla ya kupambazuka chuma chake chenye vishimo kimekwisha kupata moto juu ya jiko la mkaa, naye anageuza vitumbua kwa kijiti kimoja kimoja, huku makondakta na vijana wa bodaboda wakisubiri na chai zao mikononi. Fedha ya wateja wa mwanzo haiingii katika kopo la mauzo. Huifunga katika pindo la kanga, akakaza fundo, na haifungui hata mtoto akija kuomba ya daftari, mpaka afisa mikopo apite. Ndipo fundo linafunguliwa, noti zinahesabiwa, na afisa anatia saini katika kadi ya marejesho, kadi ngumu iliyochorwa vyumba vidogo vidogo, chumba kimoja kwa kila siku ya kazi. Akanionyesha kadi ile. Vyumba vilivyotiwa saini vilikuwa safu mbili, na vilivyobaki vilikuwa vingi kuliko hivyo, na katika kimoja cha safu ya pili palikuwa hapana kitu, kwa sababu siku ile mvua ilinyesha tangu alfajiri na hakuna aliyetoka kununua kitumbua. Kwa chumba kile kimoja alitozwa faini.

Nilipomwuliza fedha yenyewe aliifanyia nini, alisema katika fomu waliandika kuwa ni ya kuongeza mtaji, na mtaji haukuongezeka hata kwa kilo moja ya mchele. Ilikuwa mwezi wa Januari. Mtoto mmoja alikuwa anaingia kidato cha kwanza na anahitaji sare, viatu, madaftari na godoro la bweni, na mwingine alilazwa kwa homa ya mapafu. Fedha ilipokelewa asubuhi na kabla ya alasiri ilikuwa imekwisha kugawanyika. Hapa ndipo lilipo jambo ambalo wenye kupanga sera za mikopo, kwa maoni yangu, hawajalitazama kwa insafu: mkopo huu unaitwa wa biashara, unasifiwa kuwa wa biashara, na kiwango chake cha marejesho kimepimwa kana kwamba fedha imekwenda kuzaa faida, hali sehemu kubwa ya wanaoukimbilia wanautumia kuziba pengo la maisha ambalo halizai chochote. Sare ya shule haileti shilingi elfu tano ya marejesho ya kila siku. Kwa hiyo shilingi elfu tano hiyo sharti itoke katika kitumbua kile kile kilichokuwa kikilisha nyumba kabla ya mkopo, na nyumba ile sasa inalishwa na kitumbua kilichobaki.

Tufanye hesabu kwa mfano, kwa kuwa wengi hukopa bila ya kuifanya. Mtu anakopa laki moja. Elfu kumi inakatwa papo hapo kwa jina la fomu na bima, naye anaondoka na elfu tisini. Anatakiwa kulipa elfu tano kila siku ya kazi kwa siku ishirini na sita, yaani jumla ya laki moja na elfu thelathini. Aliyepokea elfu tisini amelipa ziada ya elfu arubaini ndani ya mwezi, zaidi ya asilimia 44. Na kwa kuwa anaanza kurejesha tangu siku za mwanzo, kwa wastani hakukaa na zaidi ya nusu ya fedha ile, hivyo gharama yake ya kweli inakaribia kuwa maradufu ya hiyo. Benki Kuu ya Tanzania imewawekea wakopeshaji wenye leseni wasiopokea amana kikomo cha riba ya asilimia 3.5 kwa mwezi, ambayo kwa laki moja ni shilingi elfu tatu na mia tano. Leseni hizo hutolewa chini ya Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha, iliyopitishwa mwaka 2018. Baina ya elfu tatu na mia tano ya sheria na elfu arubaini ya mtaani ndimo inamoishi ile mikopo ambayo watu wa Dar es Salaam, kwa uchungu wao, wanaiita kausha damu.

Nisifahamike kuwa nasema zamani watu hawakudaiwa, au walidaiwa kwa upole. Pwani hii imelijua deni tangu kale, na imelijua kwa ubaya wake wote. Wazee wetu wa Dar es Salaam walipeleka makoti na kanga poni katikati ya mwezi na kuzikomboa mwisho wa mwezi, wakijaliwa. Unguja na Pemba, ambako riba ilikuwa haramu mbele ya kadhi na mbele ya Mola, palipatikana hila ya kuipitia pembeni: mwenye shamba la karafuu aliliuza shamba lake kwa mkopeshaji kwa sharti la kuwa na hiari ya kulikomboa baada ya muda, kisha akabaki humo humo akilipa ijara kama mpangaji juu ya mikarafuu iliyopandwa na babu yake, na ijara ile, ambayo kwa jina haikuwa riba, ilikula kila msimu mpaka shamba likapotea. Hali ilifikia hadi ya kuwa mwaka 1934 serikali ya wakati ule Zanzibar ilitunga sheria ya kuzuia ardhi za Waarabu na Waafrika zisihamie kwa wengine bila ya idhini. Na bara, Tanganyika, tangu 1923 kulikuwa na sheria iliyomzuia mfanyabiashara asimshitaki mwenyeji kwa deni isipokuwa mkopo ule umeandikwa na kuidhinishwa na mkubwa wa serikali. Sheria hizo zilikuwa na dharau yake, kwani zilimhesabu Mwafrika kuwa mtoto asiyejua kukopa, na zilimnyima mfanyabiashara mweusi mtaji aliouhitaji. Hatuzitamani.

Lakini katika madeni yale ya kale, hata yaliyo maovu, palikuwapo kitu ambacho leo kinatoweka bila ya kuliliwa: deni lilikuwa na uso, na lilikuwa na mashahidi. Mwenye duka wa mtaa aliyeandika katika daftari lake sukari robo na mafuta ya taa chupa moja alimjua mdaiwa wake, alimjua na mkewe, alisikia kilio msiba ulipoingia nyumbani mwake, na mara nyingi siku hiyo alilifunga daftari. Hakuwa malaika, alipandisha bei kidogo kwa mwenye kukopa, na pengine aliandika kibaba ambacho hakikuchukuliwa. Hata hivyo mdaiwa aliweza kumwendea, akasimama mbele ya kaunta, akasema, Bwana, mwezi huu umeniendea kombo, nivumilie. Na yule mwingine alilazimika kumtazama machoni na kujibu, ndiyo au la, mbele ya watu waliokuja kununua.

Waislamu wa mwambao huu wanajua kuwa aya ndefu kuliko zote katika Qurani, aya ya 282 ya sura ya al-Baqara, haizungumzii saumu wala hija, bali inazungumzia deni: kwamba liandikwe, kwamba mwandishi awe mwadilifu, kwamba mdaiwa mwenyewe ndiye aseme lile analodaiwa, na kwamba wawepo mashahidi. Na aya mbili tu kabla ya hiyo, imeamrishwa kuwa mdaiwa aliyemo katika shida angojewe mpaka apate wasaa. Mambo hayo mawili, ushahidi na muhula, yamewekwa karibu karibu, na mimi sidhani kuwa ni kwa sadfa. Kwani asiyekuwa na shahidi hana wa kumwombea muhula, na muhula unaotolewa bila ya shahidi hukanwa kesho yake.

Sasa tazama lililotokea. Kenya, ambako M-Pesa ilianza mwaka 2007, mwezi wa Novemba 2012 ilikuja M-Shwari, na mtu ambaye hakuwahi kukanyaga kizingiti cha benki akaweza kukopa kwa simu yake, akiwa amelala kitandani, bila ya dhamana na bila ya barua ya mjumbe, kwa ada ya asilimia 7.5 kwa siku thelathini. Tanzania ikafuata kwa huduma za namna hiyo hiyo. Sitaki kuzidharau. Mama aliyepata nauli ya kumkimbiza mtoto hospitali saa nane ya usiku, wakati ambapo hata ndugu yake wa tumbo moja asingeweza kuamshwa, hawezi kuambiwa na mwandishi wa gazeti kuwa alikosea. Ila pamoja na wepesi huo uliingia upweke ambao haukuwako. Mkopeshaji ni hesabu iliyomo ndani ya mtambo, na tarehe ikifika mtambo unakata. Anayetumiwa fedha na mwanawe kwa ajili ya dawa anaona salio limeliwa na deni kabla hajaligusa. Hapana kaunta ya kusimama. Akipiga simu ya huduma anasikilizwa na kijana mwenye adabu, anayesoma majibu yaliyoandikwa, asiye na mamlaka ya kuongeza hata siku moja.

Tena yale makampuni yenye leseni yana afadhali. Nyuma yao zilikuja programu za kukopesha ambazo mtu anazipakua katika simu, na kabla ya kupewa elfu hamsini anatakiwa kuruhusu zisome majina yote aliyoyahifadhi. Naye anaruhusu, kwa sababu mwenye dhiki hasomi masharti. Anapochelewa, ujumbe unatumwa kwa mwajiri wake, kwa mwalimu wa mtoto wake, kwa mkwewe, kwa mtu aliyemuuzia matofali mara moja miaka mitatu iliyopita, wakiambiwa kuwa fulani ni tapeli na wao ndio wadhamini wake. Nimesoma ujumbe wa namna hiyo katika simu ya mzee mmoja, uliotaja jina la binti wa jirani yake, na mzee yule alikuwa ameuhifadhi si kwa nia mbaya bali kwa kutojua afanye nini: amwambie binti, amfedheheshe; anyamaze, akutane naye kila siku uchochoroni akijua. Kumbuka kuwa huo si ushahidi. Shahidi huitwa wakati wa kukopa, ili awalinde wote wawili. Huyu ameitwa wakati wa kudai, ili afanywe fimbo. Heshima ya mtu, ambayo katika miji yetu ndiyo mali ya mwisho ya asiye na mali, imegeuzwa kuwa dhamana bila ya mwenyewe kuelezwa kuwa ameiweka rehani.

Serikali hazikukaa kimya, na ni haki kulisema hilo. Kenya ilibadilisha sheria ya Benki Kuu yake mwaka 2021, na kwa kanuni za 2022 wakopeshaji wa kidijitali walitakiwa kuwa na leseni na wakakatazwa kutukana, kutisha na kuwapigia jamaa wa mdaiwa. Tanzania ilipata Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi mwaka 2022, na Novemba 2024 Benki Kuu ilitangaza majina ya majukwaa na programu 69 zilizokuwa zikikopesha bila ya kibali, ikawaonya wananchi wasizitumie. Ni hatua njema, lakini programu ikifungwa leo kesho huja nyingine kwa jina jingine na rangi nyingine. Na wala mkopeshaji wa kausha damu wa mtaani, anayefanya kazi yake katika chumba kimoja chenye meza na kijitabu, hahitaji programu yoyote.

Kuna walimu, watu ambao sisi sote tulisimama mbele yao tukasema shikamoo, walioacha kadi zao za benki pamoja na nambari ya siri mikononi mwa mkopeshaji. Mwisho wa mwezi mshahara ukiingia ni yeye anayekwenda kwenye mashine, anachukua chake kwanza, kisha anamwita mwenye kadi ampe kilichobaki. Viongozi wamelikemea jambo hili mara nyingi na halijakoma. Siwezi kuandika habari hii bila ya kusononeka, kwa kuwa mwalimu huyo asubuhi yake anaingia darasani kufundisha hesabu za riba.

Na wanawake katika mikopo ya vikundi wana taabu yao ya namna nyingine. Watano wanadhaminiana, mmoja akikosa, wanne wanachanga, akikosa tena, wanne hao hao, ambao ni majirani zake na pengine wasaidizi wake wakati wa uzazi, ndio wanaokwenda na afisa nyumbani kwake kutoa godoro, televisheni, jiko la gesi. Mikopo ya namna hii ilipata sifa duniani kutoka Bangladesh, na mwanzilishi wake, Muhammad Yunus, pamoja na benki yake ya Grameen, walitunukiwa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 2006. Shabaha ilikuwa kuutumia ujirani badala ya hati ya nyumba. Lakini ujirani hauna uwezo wa kupigwa mnada mara mbili. Baada ya godoro kutolewa, wale watano hawachotani tena moto wala chumvi, na wengine huhama mtaa usiku bila ya kumwaga mtu, na mume aliyekuwa safarini hurudi akakuta nyumba tupu na mke aliyeficha jambo lote kwa kuhofia talaka.

Kinyume cha hayo nimekiona kikoba. Mfumo huu ulianza Niger mwaka 1991 kwa vikundi vya wanawake vya kuweka akiba, ukaja huku kwetu ukapata makao Zanzibar na bara, na ingawa una wakorofi wake, na viongozi waliokimbia na fedha za watu, umeshika jambo moja kwa usahihi. Sanduku la chuma lina kufuli tatu, na funguo zimo mikononi mwa watu watatu wasiokaa nyumba moja. Halifunguliwi ila mbele ya kikao. Kila mwanachama hununua hisa zake kwa sauti, idadi ikatajwa, mhazini akahesabu, mwandishi akaandika. Anayeomba mkopo husimama akaeleza wa nini. Niliketi katika kikao kimoja cha Jumapili alasiri, chini ya mwembe wa shule, na mwanachama mmoja akasema hana cha kurejesha kwa sababu mumewe ameanguka na pikipiki. Hakukuwa na mayowe wala huruma ya kupita kiasi. Mwenyekiti aliuliza, mguu au mkono, akajibiwa, mguu, akauliza kama plasta imewekwa na itatolewa lini. Kisha wakakubaliana wiki sita, faini isitozwe, na elfu ishirini kutoka mfuko wa jamii apelekewe mgonjwa. Mwandishi aliandika wiki sita katika daftari, na mama yule akatia dole gumba.

Wiki sita zile hazikumgharimu mtu yeyote chochote kinachoonekana, na ndizo ambazo muuza vitumbua wa Mbagala hawezi kuzipata kwa bei yoyote. Ndiyo sababu nasema kwamba hatutashinda vita dhidi ya kausha damu kwa kikomo cha riba peke yake. Riba kubwa huuma, lakini kinachomvunja mtu ni siku moja ya mvua isiyokuwa na wa kuelezwa. Sheria inayompa mkopeshaji leseni ingeweza pia kumlazimisha atoe muhula kwa ugonjwa, kwa msiba na kwa uzazi, uandikwe katika mkataba kwa Kiswahili kinachosomeka, na usiongezewe faini. Na ingeweza kutaka kwamba kila mkopo mdogo ushuhudiwe na mtu ambaye mdaiwa mwenyewe amemchagua, si kwa ajili ya kumlipia, bali kwa ajili ya kusimama naye siku ya kuulizwa.

Liko na jingine lililo karibu zaidi. Halmashauri zetu zinatenga asilimia 10 ya mapato yao ya ndani kwa mikopo isiyo na riba: asilimia 4 ya wanawake, 4 ya vijana na 2 ya watu wenye ulemavu. Utaratibu huo ulisimamishwa mwaka 2023 kwa sababu ya fedha zilizopotea, ukarejeshwa 2024 kwa masharti mapya. Fedha hii hutolewa kwa vikundi vilivyosajiliwa vyenye mradi. Na yule aliyekwisha kuzama, aliyefukuzwa katika kikundi chake kwa sababu ya deni, ambaye hana mradi ila chuma cha vitumbua, hana mlango wa kuingilia. Naomba sehemu ya fedha hizo, hata ndogo, itengwe kwa ajili ya kuwakomboa watu wa namna hiyo: afisa maendeleo ya jamii wa kata aketi na mdaiwa na mkopeshaji mezani, kadi ya marejesho iwekwe mbele yao, ihesabiwe kilichokwisha kulipwa juu ya fedha iliyopokelewa kweli, na kinachobaki kwa haki kilipwe na halmashauri, naye mama airejeshee polepole bila ya riba. Kata zipo, maafisa wapo, na meza ipo.